Kuomba amri ya mahakama ili polisi walinde eneo lenye mgogoro

Polisi hawaamui kiwanja ni cha nani. Ukienda kituoni na hati ya umiliki utaambiwa, "Hii ni kesi ya madai, nenda mahakamani," na mara nyingi wako sahihi. Wao wanashughulika na jinai: vitisho, kipigo, ukuta kubomolewa, vigingi kung'olewa. Ripoti hayo, na kila tukio lipewe namba yake. Kisha mwandikie mkuu wa kituo barua ya kuomba ulinzi, nakala yako igongwe mhuri wa kupokelewa. Hakimu akiuliza kama uliwaendea polisi kwanza, unayo ya kumwonyesha.

Mahakamani, kwa kawaida unafungua kesi ya msingi na ndani yake maombi ya zuio la muda, yaani amri ya kumzuia mwingine kufanya jambo wakati kesi ikiendelea, yakiungwa mkono na hati ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi unayoyaapia kuwa kweli. Kiapo kinachosema "wananisumbua kila siku" hakina uzito. Andika tarehe, saa, watu wangapi, walivunja nini, na uambatishe picha. Mahakama nyingi hupima mambo matatu: kama una hoja ya kusikilizwa, kama madhara yatashindikana kufidiwa kwa fedha, na nani ataumia zaidi zuio likitolewa au likikataliwa. Ukiomba usikilizwe upande mmoja kwa dharura, usifiche kitu, hata kesi ya zamani uliyoshindwa. Mdaiwa, yaani unayemshtaki, akiifichua, zuio linaweza kufutwa siku hiyohiyo.

Wengi huharibu kwenye maneno ya ombi lenyewe. Askari atakayesimama getini hajasoma jalada lako. Ana karatasi moja tu mkononi. "Polisi wamsaidie mwombaji" haimwambii afanye nini. Omba kwanza mdaiwa na watu wake wazuiwe kuingia, kujenga au kubomoa; halafu mkuu wa kituo, kwa jina la kituo, aagizwe kusimamia utekelezaji na kulinda amani. Taja namba ya kiwanja na mipaka yake. Jihadhari na "hali ibaki kama ilivyo": kila upande utadai hali ilivyo ni ya kwake, kwa hiyo amri iseme nani yumo ndani na tangu tarehe gani.

Amri ikitoka, chukua masijala, ofisi ya mahakama inayotunza majalada, nakala zilizothibitishwa zenye mhuri, moja ya mdaiwa, moja ya kituo, na za akiba. Mdaiwa apelekewe na mpeleka hati wa mahakama, naye aape kwamba alimkabidhi. Bila kiapo hicho, mdaiwa akivunja amri, shauri la kudharau mahakama dhidi yake huyumba. Angalia pia amri inaisha lini, uombe iongezwe kabla ya siku hiyo.

Na usiitumie kumtoa mtu. Kama mdaiwa tayari anaishi humo, zuio la kuingia halimwondoi. Hapo unahitaji amri ya kumwondoa, na askari akikataa kuvunja mlango kwa karatasi uliyonayo, usimlaumu.