Simu Yako Ijue Ulipo Kabla Hujatoka Kibirizi

Natengeneza simu Kibirizi, mwalo wa Kigoma kwenye Ziwa Tanganyika, na wateja wangu wengi ni wavuvi wa dagaa. Mwaka jana boti ya mpwa wangu ilizima mashine usiku. Mtandao upo, salio lipo, akanipigia. Uko wapi? "Mjomba, tuko majini, taa za Ujiji naziona." Sasa taa za Ujiji nani asiyeziona? Tuliwapata asubuhi, upepo umewasukuma mbali.

Ungali nchi kavu na una bando, fungua Ramani za Google, gusa picha yako juu, pakua ramani ya nje ya mtandao, kuanzia Kigoma mpaka unakovua. GPS, yaani kile kipokezi cha simu kinachojua ulipo, haili bando: inasikiliza setilaiti, haina shida na mnara. Mkiwa ziwani, kandamiza kidole juu ya kile kitone cha buluu mpaka zitokee namba mbili, mfano -4.90217, 29.55038. Hizo ndizo za kutuma kwa meseji.

Zitume nzima. Ukiishia tarakimu mbili baada ya nukta, unaweza kutupoteza kama kilomita moja, na usiku hiyo ni nyingi. Zikiwa tano, tunafika ubavuni mwa boti. Ile alama ya kutoa mwanzoni ndiyo inayosema uko kusini mwa ikweta. Ukiisahau, namba hizohizo zinatupeleka jirani na Maridi, Sudan Kusini.

Simu nyingi mpya za Android zina pia sehemu ya usalama na dharura kwenye mipangilio. Ukishaiwasha, bonyeza kitufe cha kuzimia mara tano mfululizo, inaita msaada. Weka humo namba za watu wanaolala nchi kavu. Kuna mzee aliweka ya mdogo wake, wanavua boti moja!

Namba ya dharura, 112, haihitaji salio, na hupita hata kwenye mtandao usio wa laini yako. Ila mtandao ukikosekana kabisa hakuna kitakachotoka, kwa hiyo tuma namba zako kabla haujakata. Saa ya simu ikirudi nyuma saa moja yenyewe, ujue imenasa mnara wa Burundi au Congo. Salio litakwisha upesi.

Mpwa wangu siku hizi hunitumia namba tupu kila siku saa tatu usiku, bila hata shikamoo. Nimemsamehe.