Namna ya kushona mbao mbili kama mashua ya Khufu

Mwaka 1954, huko Misri, ubavuni mwa piramidi kuu ya Giza, kaburi la farao Khufu, lilifunuliwa shimo lenye mashua iliyofumuliwa vipande 1,224. Hag Ahmed Youssef, aliyeiunda upya, alikwenda kwanza kujifunza kwa mafundi wa mashua wa Mto Nile. Chombo kile kina urefu wa mita 43 na ushei, na mbao za ubavu zimeshikwa kwa kamba. Wewe anza na mshono mmoja tu.

1. Mbao. Chukua mbili, urefu sentimita 60, upana 20, unene 6. Wamisri walitumia mierezi ya Lebanoni. Mkangazi uliokauka unafaa. Piga randa kingo mpaka zikikutana mwanga usipenye.

2. Ndimi. Toboa vishimo vitatu katika kila ukingo, vielekeane, kisha pachika ndimi, yaani vipande vidogo vya mbao ngumu vinavyoingia katika mbao zote mbili. Usizipigie vigingi. Kazi yake ni kuzuia mbao zisitelezeane, na mashua ya Khufu iliweza kufumuliwa.

3. Matundu ya kamba. Hapa ndipo penye ufundi wote, usiharakishe. Upande wa ndani wa kila ubao, piga keekee kwa mshazari kutoka sehemu mbili, matundu yakutane katikati ya unene kama herufi V. Tundu lisitokee nje kabisa. Katika mtepe, chombo cha kushonwa cha zamani cha pwani yetu, tundu lilipita mpaka nje, kisha likazibwa. Mmisri aliificha kamba ndani ya ubao, maji ya mto yasiiguse wala mchanga usiisugue. Lainisha kona ya ndani kwa patasi nyembamba, la sivyo itakata kamba. Ubao ukitoboka nje, uweke kando uchonge mwingine.

4. Kushona. Laza juu ya maungio, kwa ndani, kijiti kilichochongwa mgongo wa mviringo. Pitisha kamba ya katani katika V ya ubao wa kwanza, ivuke juu ya kijiti, iingie ubao wa pili. Kaza kwa mti, mtu wa pili akishikilia.

5. Maji. Loweka usiku kucha, bila kuziba maungio kwa kalafati. Mbao zitavimba, kamba itajikaza. Asubuhi gonga maungio kwa kidole: yakiwa kimya, hayachezi, ongeza ubao wa tatu. Mataruma, yaani miti ya ndani inayotegemeza mbao, hufuata baadaye, ubavu ukishasimama.