Biskuti za Merenge na Lozi kwa Ajili ya Pasaka ya Wayahudi

Katika siku 8 za Pesach, ambazo nchini Israeli ni 7, familia ya Kiyahudi inayoshika sheria haili mkate wala kitu chochote cha ngano, shayiri au oti kilichochachuka, na hata unga mkavu huondolewa nyumbani. Ndiyo maana ute wa mayai na lozi hupewa nafasi kubwa katika vitamutamu vya sikukuu hii. Mwongozo huu nimeuandika baada ya kumsaidia jirani yangu wa Nairobi kujiandaa kwa Seder, yaani mlo wa ibada unaofungua Pesach, mvua za masika zikiwa zimeshaanza.

Hatua ya 1: Mahitaji

Andaa ute wa mayai 4, sukari gramu 200, lozi gramu 150, kijiko kimoja cha chai cha maji ya limau na chumvi kidogo. Sukari iwe nyeupe ya kawaida, uisage mwenyewe. Ile ya unga inayouzwa madukani mara nyingi huchanganywa na wanga wa mahindi, na Waashkenazi wengi, yaani Wayahudi wenye asili ya Ulaya ya Kati na Mashariki, hawali mahindi wakati wa Pesach. Karanga nazo wengi wao huziepuka kwa desturi hiyohiyo, kwa hiyo ukikosa lozi tumia korosho. Pikia katika jiko la mwenye sikukuu, kwa vyombo vyake vya Pesach, kwa sababu bakuli lililozoea unga wa ngano haliwezi kutumika hata likioshwa vizuri namna gani.

Hatua ya 2: Lozi

Zioke kwa dakika 8 hadi 10, ziache zipoe kabisa, kisha zikatekate kwa kisu. Mashine ya kusagia siipendekezi hata kidogo, kwani hukamua mafuta ya lozi, nayo mafuta huua povu.

Hatua ya 3: Kutenga mayai

Vunja kila yai katika glasi ya peke yake. Lenye tone la damu hutupwa kwa mujibu wa sheria ya kosher, yaani sheria ya Kiyahudi ya vyakula.

Hatua ya 4: Kuchapa ute

Hapa ndipo kazi nyingi huharibikia. Tumia bakuli la kioo au la chuma cha pua, ulipanguse kwa kipande cha limau, na uache la plastiki, ambalo hubaki na utando wa mafuta hata baada ya kuoshwa. Chembe ndogo ya kiini ikiingia katika ute, usijipe moyo kwamba itapotea. Anza na ute mwingine. Chapa kwa mwendo wa wastani hadi povu liwe jeupe, tia limau na chumvi, kisha povu likianza kusimama kwa ulegevu ongeza sukari kijiko kimoja kimoja, ukingoja kila kijiko kiyeyuke kabla ya kutia kingine. Ukiharakisha, punje zisizoyeyuka zitatoa matone ya shira wakati wa kuoka, na biskuti zitanata chini. Chukua povu kidogo ulisugue kati ya vidole viwili: ukihisi mchanga, endelea kuchapa. Limekuwa tayari linapong'aa, na ncha yake ikasimama wima unapoinua mchapo.

Hatua ya 5: Kuchanganya

Ingiza lozi kwa mwiko, ukikunja taratibu kutoka chini kwenda juu, kisha teka vijiko vidogo juu ya karatasi ya kuokea.

Hatua ya 6: Kukausha

Oka kwa nyuzi 110 za Selsiasi kwa muda wa saa moja na nusu bila kufungua mlango. Biskuti inayobanduka kwenye karatasi bila kunata imeiva. Zima oveni na uziache humo hadi zipoe, kwa kuwa unyevu wa masika huzilainisha upesi zikitolewa zingali moto. Zikishapoa, zifungie mara moja katika kopo lisilopitisha hewa. Zikilainika, zirudishe katika oveni ya nyuzi 100 kwa dakika 20.

Zioke siku moja au mbili kabla ya Seder. Sheria ya kosher hairuhusu kuchanganya nyama na maziwa, na kwa kuwa hazina maziwa wala siagi, zinaweza kuandaliwa hata baada ya mlo wa nyama.