Kaunti ikitaka kufuta leseni ya biashara yako: jinsi ya kudai kusikilizwa

Ukipokea barua ya kaunti inayosema leseni yako imefutwa au itafutwa, andika papo hapo juu ya nakala yako tarehe uliyoipokea, jina la aliyeileta na cheo chake. Muda wa rufaa na wa kwenda mahakamani unahesabiwa kwa siku, na mabishano kuhusu tarehe huharibu kesi nzuri.

Kifungu cha 47 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinakupa haki ya kuamuliwa kwa mujibu wa sheria na kwa utaratibu wa haki, na ya kupewa sababu kwa maandishi. Sheria Namba 4 ya 2015, inayohusu maamuzi ya maafisa wa serikali, inafafanua zaidi katika kifungu chake cha 4: kabla ya kuamua, afisa akupe notisi ya kutosha yenye sababu, nafasi ya kujitetea, ushahidi anaoutegemea, na taarifa kuhusu haki yako ya kukata rufaa. Barua ya mstari mmoja, "umekiuka masharti ya leseni", haitoshi. Sharti lipi? Lilikiukwa siku gani? Nani aliona?

Maswali hayo yaulize kwa barua. Wengi hupiga simu au hufika ofisini kuzungumza na afisa, kisha miezi ikipita hawana cha kuonyesha. Taja namba ya leseni na tarehe ya notisi, omba nakala ya ripoti ya ukaguzi, picha na malalamiko yaliyopokelewa, watake wataje kifungu cha sheria ya kaunti wanachodai umekiuka, na useme wazi kwamba unaomba kusikilizwa kabla ya uamuzi. Peleka nakala mbili. Moja igongwe muhuri wa kupokelewa, urudi nayo. Ukinyimwa sababu ulizoomba, kifungu cha 6 cha ile Sheria Namba 4 kinaichukulia hatua hiyo kuwa ilichukuliwa bila sababu nzuri, mpaka kaunti ithibitishe vinginevyo. Ndiyo maana muhuri ule una thamani kubwa.

Siku ya kikao nenda na risiti za ada, cheti cha afya au cha zimamoto kama biashara yako inavihitaji, na picha zenye tarehe za kasoro ulizokwisha kurekebisha. Unaweza kwenda na wakili au mtaalamu, kumhoji anayekushtaki, na kuomba kikao kiahirishwe iwapo ushahidi umekabidhiwa asubuhi hiyo hiyo. Ukimkuta afisa aliyekukagua ameketi kwenye kiti cha mwamuzi, pinga mwanzoni kabisa na usisitize pingamizi lako liandikwe kwenye kumbukumbu. Ukinyamaza, baadaye utaambiwa uliridhia.

Uamuzi ukikuangukia vibaya, anza na rufaa ya ndani iliyowekwa na sheria ya kaunti yako. Hapa ndipo wengi huponea chupuchupu au huanguka kabisa: kifungu cha 9 cha Sheria Namba 4 kinaizuia mahakama kusikiliza shauri kabla njia za ndani hazijaisha, isipokuwa umeomba kuruhusiwa na kuonyesha mazingira ya kipekee. Rufaa ikikataliwa, Mahakama Kuu inaweza kuutengua uamuzi au kuurudisha kaunti ufanywe upya. Ombi la kutengua uamuzi kwa utaratibu wa Amri ya 53 ya kanuni za mahakama za mashauri ya madai hufunguliwa ndani ya miezi 6, lakini usiingoje hiyo miezi. Omba mapema amri ya kusimamisha utekelezaji, maana duka lililofungwa halilipi kodi ya nyumba. Elewa pia kwamba mahakama ikikupa ushindi kwa sababu hukusikilizwa, kaunti inaweza kukuita tena na kufuata utaratibu safari hii. Kwa hiyo rekebisha kasoro zilizotajwa hata ukiwa unapinga.

Mlango ukiwa umewekewa lakiri, usiivunje hata kama una hakika kwamba kaunti imekosea. Utajiongezea kosa la jinai, na mbele ya jaji utaonekana wewe ndiye usiyefuata sheria.

Asiye na pesa za wakili anaweza kupeleka malalamiko kwa Tume ya Haki ya Utawala, yaani ofisi ya Ombudsman, bila malipo. Ambatisha ile nakala yenye muhuri.