Namna ya Kuchunguza Asili ya Jina Adimu la Kigermaniki: Mfano wa Leodegar

Wapenzi wa kandanda nchini Tanzania wanalifahamu jina Leodegar kwa sababu ya Leodegar Tenga, aliyekuwa nahodha wa Taifa Stars katika fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika za mwaka 1980 nchini Nigeria, na ambaye baadaye aliongoza TFF, shirikisho la kandanda la nchi hiyo. Huko Ulaya lilikozaliwa, jina hili limekuwa adimu, kiasi kwamba Wajerumani wengi hulijua kama jina la kanisa kuliko jina la mtoto. Anayetaka kujua maana yake hupewa kwa kawaida jibu la maneno matatu, yaani “mkuki wa watu”, kisha mazungumzo huishia hapo. Jibu hilo si la uongo, ila ni la nusu, na katika mwongozo huu nitaonyesha namna ya kuitafuta nusu iliyobaki. Njia ninayoieleza inafaa kwa jina lolote la ukoo huu wa lugha, liwe Edgar, Gerhard, Leopold au Anselm.

Neno “Kigermaniki” lisichanganywe na “Kijerumani”. Kijerumani ni lugha moja tu ndani ya familia kubwa ya lugha za Kigermaniki, ambamo vilevile mna Kiingereza, Kiholanzi, Kideni na Kiswidi, pamoja na lugha zilizokwisha kufa kama Kigothi na Kifaranki. Leodegar ni jina la Wafaranki, watu walioitawala nchi ambayo leo inaitwa Ufaransa kwa jina lao.

Anza na maandishi, wala usianze na matamshi ya nyumbani. Jina linalotamkwa “Leodigari” au “Leodgari” huenda limeandikwa vingine kwenye cheti cha ubatizo, na daftari la ubatizo la parokia lina uzito kuliko cheti, kwa kuwa cheti hunakiliwa kutoka humo. Madaftari ya zamani ya Kanisa Katoliki yaliandikwa mara nyingi kwa Kilatini, na Kilatini hubadili mwisho wa jina kulingana na nafasi yake katika sentensi. Padre aliyeandika kwamba amembatiza mtoto, *baptizavi*, angeandika *Leodegarium*, ilhali anapomtaja mtoto huyo kama mtenda angeandika *Leodegarius*. Nimewaona watu wakidhani hayo ni majina mawili tofauti, hata wakabishana na karani wa parokia. Ondoa *-ius* au *-ium*, na kitakachobaki ndicho jina lenyewe.

Hatua inayofuata ni kulikata jina mahali panapostahili. Majina mengi ya kale ya Kigermaniki yaliundwa kwa mashina mawili, na mashina hayo yalichaguliwa kutoka hazina ndogo inayojirudia: vita, mkuki, dubu, mbwamwitu, ushujaa, utajiri, watu, miungu. Leodegar hukatika kuwa *leod* na *gar*, na ile irabu ya katikati ni kiungo tu. Shina *leod* lina maana ya watu au taifa, na bado liko hai katika neno la Kijerumani cha leo *Leute*, yaani watu. Shina *gar*, ambalo katika maeneo mengine huandikwa *ger*, ni mkuki. Shina hili limejificha hata jikoni kwa Waingereza, kwani neno lao la kitunguu saumu, *garlic*, lilitokana na *garleac*, yaani “kitunguu mkuki”, kwa sababu ya umbo la punje zake.

Usilikubali shina lolote kabla ya kulijaribu kwa ndugu zake. Kwa *gar*, ndugu ni wengi na baadhi wanaitwa hivyo mitaani kwetu: Edgar ni utajiri na mkuki, Gerhard ni mkuki na ugumu, Gertruda ni mkuki na nguvu, Ansgar ni mungu na mkuki. Kwa *leod*, ndugu wa karibu kabisa ni Ludger, jina la askofu wa kwanza wa Münster aliyefariki mwaka 809, ambalo kwa mashina yake ni jina lilelile la Leodegar katika vazi la kaskazini. Leopold naye yumo: ni watu na ujasiri, wala hahusiani na simba.

Hapa ndipo wachunguzi wengi hupotea, kwa hiyo nitakaa kidogo. Leonard huanza kama Leopold, lakini *leon* yake ni simba kweli, neno lililotoka katika Kilatini na kuunganishwa na shina la Kigermaniki lenye maana ya ugumu. Ludovick, jina lilelile alilokuwa nalo Johann Ludwig Krapf aliyefika Mombasa mwaka 1844, huanza kama Ludger, lakini *lud* yake zamani iliandikwa *hlud*, yenye sauti ya h mbele, na maana yake ni mwenye sifa kuu, si watu. Mfano ninaoupenda zaidi ni Leofgar, askofu wa Hereford nchini Uingereza, aliyeuawa mwaka 1056 akiwa vitani dhidi ya Wawelsh. Tofauti ya jina lake na Leodegar ni ndogo sana machoni, lakini *leof* ni mpendwa, ndugu wa *lieb* ya Kijerumani. Herufi moja imegeuza “watu” kuwa “mpendwa”. Ndiyo sababu nasisitiza kwamba kufanana kwa sauti si ushahidi wa undugu. Ni sababu tu ya kuendelea kuuliza.

Msomaji wa pwani atalielewa hili haraka akikumbuka jina la Kideni Asger, ambalo ni pacha wa Ansgar, na jina Asghar linalosikika katika familia za Waislamu wa Kishia mijini Zanzibar na Dar es Salaam. Yanakaribia kusikika sawa, lakini Asghar ni Kiarabu, maana yake mdogo zaidi, na linatokana na mzizi uleule uliotupatia neno “saghiri”.

Kinyume chake pia ni kweli: maneno yasiyofanana yanaweza kuwa neno moja. Jina Leodegar lilipozeeka vinywani mwa Wafaransa lilipungua hadi likawa Léger. Sauti ya d iliyokaa kati ya irabu ilimezwa, kama ilivyomezwa katika *Ludovicus* hadi likawa Louis. Mzungumzaji wa Kiswahili hana haja ya kushangaa, maana lugha yetu imefanya vivyo hivyo: Waganda husema *mukulu*, sisi tunasema “mkuu”, na ile l imepotea kati ya irabu mbili bila mtu kuikumbuka. Hata hivyo, Kifaransa cha leo kina neno la kawaida *léger* lenye maana ya “-epesi”, nalo lina asili nyingine kabisa. Anayetafsiri jina la mchoraji Fernand Léger kuwa “mwepesi” amelinganisha maumbo tu bila kufuata historia. Waingereza nao walilipokea jina hili kutoka Ufaransa kama St Leger, na wapenzi wa mbio za farasi hulisikia kila mwaka katika shindano la Doncaster lililoanza mwaka 1776, lililopewa jina la Anthony St Leger.

Baada ya kuyathibitisha mashina, zuia hamu ya kuyaunganisha kuwa sentensi. Nchini Rwanda na Burundi jina Habimana ni sentensi kamili inayosema kwamba Mungu yupo, na mzazi aliyelitoa alikusudia kusema hivyo. Majina ya kale ya Kigermaniki hayakufanya kazi hiyo kila mara. Wazazi walichukua shina moja kutoka kwa baba na jingine kutoka kwa mama ili mtoto aonekane ni wa nyumba zote mbili. Wulfstan, askofu wa Worcester aliyefariki mwaka 1095, alikuwa mtoto wa Æthelstan na Wulfgifu. Shina la mwisho la baba na shina la kwanza la mama vikatoa “mbwamwitu-jiwe”, jina ambalo halitangazi habari yoyote, bali linataja ukoo. Kwa hiyo Leodegar ni jina lenye watu na mkuki ndani yake. Kulieleza kuwa “mkuki wa watu” au “atetaye watu kwa mkuki” ni kuongeza kiunganishi ambacho wenyewe hawakukiandika.

Ile nusu iliyobaki ya maana iko kwa aliyelibeba jina hadi likastahili kurithiwa. Tafuta mtu huyo, kisha usome maisha yake yote, si mstari mmoja. Kwa Leodegar, mtu huyo alizaliwa karibu na mwaka 615 katika familia ya makabaila wa Kifaranki, akalelewa kwa baba yake mdogo au mjomba aliyekuwa askofu wa Poitiers, akawa abati, na karibu na mwaka 663 akafanywa askofu wa Autun wakati malkia Balthild alipokuwa akitawala kwa niaba ya mwanawe aliyekuwa bado mdogo. Jimbo alilolikuta lilikuwa limegawanyika kwa ugomvi. Alilipatanisha, akajenga, na karibu na mwaka 670 aliitisha sinodi iliyowataka watawa kuishi kwa kanuni ya Mtakatifu Benedikto.

Mpinzani wake alikuwa Ebroin, mkuu wa ikulu ya Neustria, yaani ufalme wa Wafaranki wa magharibi, ambaye madaraka yake yalizidi ya wafalme aliowatumikia. Mfalme Chlothar wa Tatu alipofariki mwaka 673, Ebroin alijaribu kumtawaza mfalme mwingine bila kuwashauri makabaila, nao wakampindua na kumfungia katika monasteri ya Luxeuil. Miaka miwili baadaye Leodegar mwenyewe alikosana na mfalme mpya, Childeric wa Pili, akapelekwa Luxeuil hukohuko alikokuwa Ebroin. Childeric alipouawa mwaka 675, wote wawili walitoka, na Ebroin akarudi na jeshi. Watu wa Ebroin walipouzingira mji wa Autun, askofu alijitoa mwenyewe mikononi mwao ili mji usiangamizwe. Walimtoboa macho, baadaye wakamkata midomo, na karibu na mwaka 679 wakamuua kwa upanga msituni. Kwa hiyo katika michoro na sanamu za Ulaya utamtambua Leodegar kama askofu aliyeshika keekee, ile zana ya seremala ya kutobolea mbao, kama alama ya mateso ya macho yake. Mtu anayeitwa Leodegar akiingia kanisani na kuiona sanamu hiyo, anapaswa kujua kwamba hakuna seremala hapo.

Kwangu mimi, hii ndiyo maana ya jina hili yenye uzito. Mkuki ulikuwapo katika shina tangu zamani, lakini kilicholifanya jina lisahaulike polepole badala ya kutoweka ghafla ni askofu aliyetoka nje ya kuta za mji akiwa mikono mitupu. Moja ya mashairi ya kale kabisa yaliyosalia katika Kifaransa, la karne ya 10, linasimulia maisha yake.

Mwisho wa uchunguzi ni kufuata njia ambayo jina lilipita hadi kufika nyumbani kwenu. Leodegar lilishika mizizi hasa kupitia monasteri: Murbach huko Alsace, mashariki mwa Ufaransa ya leo, iliyoanzishwa katika karne ya 8, iliwekwa chini ya ulinzi wake, nayo ikawa na nyumba chini yake huko Luzern nchini Uswisi, ambako kanisa kuu la mji bado ni la Mtakatifu Leodegar. Sasa rudi kwenye daftari la parokia yenu na uulize ilianzishwa na shirika gani. Mapadre wa Roho Mtakatifu walioingia Bagamoyo mwaka 1868 walitoka zaidi Ufaransa, hivyo walikuja na watakatifu wa Kifaransa na Alsace. Wabenediktini wa Peramiho na Ndanda walitoka Ujerumani. Wakapuchini waliopewa Dar es Salaam na Mahenge kuanzia mwaka 1921 walitoka Uswisi, na mmoja wao, Edgar Maranta, aliyekuja kuwa Askofu Mkuu wa Dar es Salaam, alibeba katika jina lake *gar* ileile. Watoto walibatizwa kwa majina ya watakatifu ambao mapadre wao waliwajua tangu utotoni, kwa hiyo asili ya padre ni dokezo la kwanza la asili ya jina.

Dokezo la pili ni tarehe. Katika familia nyingi za Kikatoliki mtoto hupewa jina la mtakatifu wa siku aliyozaliwa au aliyobatizwa, ambaye huwa somo wake. Linganisha tarehe ya kuzaliwa ya mwenye jina na sikukuu ya Leodegar, ambayo ni tarehe 2 Oktoba. Usiitafute kwenye kalenda ya ukutani ya parokia, kwani siku hiyo kalenda huandika Malaika Walinzi na kumwacha. Itafute katika Martirolojia ya Roma, orodha kubwa ya watakatifu wa kila siku, ambayo paroko anaweza kukusaidia kuipata. Andika tarehe zote mbili, shirika la wamisionari, na tahajia iliyomo katika daftari, vyote kwenye karatasi moja, kisha muulize bibi au babu aliyekuwapo siku ya ubatizo nani alilitaja jina hilo kwanza.