Jinsi ya kuomba uchunguzi wa rangi ya gari iliyogonga na kukimbia

Gari imemgonga mpanda baiskeli usiku baina ya Jumbi na Tunguu, Unguja, dereva hakusimama, kamera hakuna. Kilichobaki ni magamba ya rangi kwenye fremu na kwenye shati. Mwongozo huu ni wa askari mpelelezi, lakini jamaa wa majeruhi nao wausome, kwa sababu ushahidi mwingi hupotea nyumbani, nguo zinapofuliwa.

Anza na nguo. Zisifuliwe, zisikung'utwe. Zikiwa zimerowa damu au mvua, zianikwe ndani, kivulini, juu ya karatasi safi. Zikikauka zikunjwe pamoja na karatasi ile ile, kila nguo katika mfuko wake wa karatasi. Mfuko wa plastiki huzifanya zivunde, na umeme tuli wake hunasa magamba madogo kiasi kwamba hayatoki tena.

Magamba yaliyolegea barabarani au kwenye chuma yachukue kwa kibano safi, uyafunge katika karatasi iliyokunjwa kama ya dawa ya unga, ndipo uitie ndani ya bahasha. Bahasha pekee haitoshi: gamba la nusu milimita hupenya kwenye pembe zake. Usitumie selotepu wala pamba. Gundi huchanganyika na rangi na kuharibu majibu ya kemia. Rangi iliyojipaka tu kwenye fremu, bila gamba, usiikwangue. Peleka fremu yenyewe.

Gari inayoshukiwa ikipatikana, mwite sheha ashuhudie, piga picha, kisha chukua sampuli za kulinganishia. Zitoke karibu na pahala palipoumia, si katikati yake. Kata kwa wembe mpya mpaka ufike kwenye bati, kipande kisichopungua milimita 5 kwa 5, kikiwa na tabaka zote. Kila paneli na wembe wake, kila kipande na bahasha yake: boneti, madigadi, mlango. Bampa ya plastiki ichukuliwe peke yake, kwa kuwa plastiki haina praima (rangi ya msingi) ya kuzamishwa kwa umeme ambayo bati hupata kiwandani, hivyo tabaka zake hazifanani na za boneti ya gari ile ile. Chukua pia rangi ya baiskeli, maana huenda imehamia kwenye gari. Anayeshika vitu vya majeruhi asiende kukata sampuli za gari siku hiyo hiyo. Wakili wa utetezi atauliza hilo mwanzo kabisa.

Kabla ya kuandika barua ya maombi kwa maabara, tazama ukingo wa gamba kwa kioo cha kukuzia. Hapa ndipo maombi mengi hukosea. Rangi ya kiwandani kwa kawaida ina tabaka nne: praima ya umeme, praima ya pili, rangi yenyewe, na klia (rangi ya juu isiyo na rangi, inayoonyesha ya chini) juu, unene wote ni takriban sehemu moja ya kumi ya milimita. Ukiona pati, alama za msasa au rangi mbili zilizolaliana, hiyo imepitia kwa fundi. Visiwani kwetu, kwa chumvi ya bahari na kutu yake, gari za namna hiyo ni nyingi.

Tofauti hiyo ndiyo inayoamua uombe nini. Kama gari haijulikani na gamba ni la kiwandani, omba utafutaji katika kanzidata, yaani hifadhi ya kumbukumbu za rangi za magari. Inayojulikana zaidi ni PDQ, inayotunzwa na polisi ya Kanada, RCMP. Maabara hupima kemia ya kila tabaka kwa mwanga wa infraredi, na kanzidata hurudisha orodha ya aina za gari, miaka na viwanda vinavyowezekana. Haikupi namba ya gari. Ombi la nje ya nchi lipitie ofisi ya Interpol ya Tanzania, na uulize mapema kama kumbukumbu za PDQ zina gari za soko la Japani, ndizo zinazotembea hapa. Kama gamba ni la fundi, kanzidata haitakusaidia sana. Omba ulinganisho wa moja kwa moja na gari inayoshukiwa. Tabaka nyingi za fundi hapo huwa faida, kwani ni nadra gari mbili kurudiwa rangi kwa mpangilio mmoja.

Barua itoke kwa mkuu wa upelelezi wa wilaya. Itaje namba ya jalada, tarehe na pahala, orodha ya vielelezo kwa herufi na idadi, kila kimoja kimetoka wapi, na swali lenyewe. “Naomba uchunguzi wa rangi” si swali. Andika: “Je, magamba ya kielelezo A yanaweza kuwa yametoka katika madigadi ya kushoto, kielelezo C?” Vielelezo kutoka Pemba vibebwe mkononi na askari mmoja mpaka maabara, si kuachwa kwenye mizigo ya boti, na kila makabidhiano yatiwe saini na saa.

Gari ikikutwa imeshapigwa rangi mpya, usikate tamaa. Rangi ya zamani mara nyingi ingali chini yake, au imebaki wazi kwenye ukingo wa ndani wa mlango na chini ya boneti. Kata hapo, na ukusanye vumbi la msasa kwenye sakafu ya gereji kabla halijafagiliwa.