Singo ya country ya kuachana: kuanzia mstari wa kwanza hadi siku ya kuitoa

Country ina nyimbo za kuachana za aina mbili, na wengi huharibu wimbo kwa kuzichanganya. Aina ya kwanza humlilia aliyeondoka. Ya pili, ambayo ndiyo tunayoijenga hapa, ni ya mtu aliyekwisha kunyanyuka: bado ana kidonda, lakini amefua mapazia na maisha yanasonga. Msikilizaji hatakuamini kwa kuwa umeimba "nimekusahau". Atakuamini akikuona unafanya jambo.

Kwa hiyo tafuta kwanza kitu cha kushikika. Tuchukue mfano mmoja hadi mwisho: mwanamke amebadilisha kitasa cha mlango, fundi amemwachia funguo mbili. Mstari wa kiitikio unakuja wenyewe: "Ufunguo wa pili, nimpe nani?" Ubeti wa kwanza uonyeshe Jumamosi asubuhi, vumbi la mbao sakafuni, ufunguo mmoja mkononi na mwingine unaning'inia msumarini. Jina la aliyeondoka usilitaje, wala makosa yake usiyahesabu. Ukifanya hivyo wimbo unageuka kesi.

Ubeti wa pili ndio hushinda wengi, kwa sababu hurudia wa kwanza kwa maneno mengine. Sogeza muda mbele. Miezi imepita, ule wa msumarini sasa anautembeza kwenye kijimfuko cha mkoba, na siku amepoteza wa kwanza ndani ya matatu, anajifungulia mlango mwenyewe. Kiitikio cha mwisho kinabadilika maneno machache tu: "Ufunguo wa pili ni wangu pia." Hapo ndipo mtu ameendelea na maisha, na hakuna aliyelitamka neno hilo.

Hesabu mizani kama unavyohesabu za shairi. U-fu-ngu-o wa pi-li ni 7; ni-m-pe na-ni ni 5, kwa kuwa "m" hapo ina pumzi yake na inadai noti yake. Ni wa-ngu pi-a ni 5 vilevile. Mistari yote miwili ina 12, hivyo sauti (mahadhi ya wimbo) haibadiliki na sikio linaona tofauti ya maana peke yake.

Tatizo kubwa zaidi la country ya Kiswahili ni mkazo. Sauti nyingi za country zimezaliwa katika Kiingereza, ambako mstari hupenda kuishia kwenye silabi nzito iliyokaa juu ya pigo la kwanza na kuvutwa. Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Ukimwaga maneno yetu ndani ya sauti hizo unapata "naNI" na "piLI", na msikilizaji anahisi mwimbaji anasoma lugha ya watu. Dawa yake ni hii: "na" ikae juu ya pigo la 1 la baa (fungu la mapigo 4) na ndiyo uivute, kisha "ni" ianguke kwenye pigo la 3, noti ya chini yake, fupi. Imba kiitikio kizima ukipiga meza kwa mkono. Kila mkazo unaokosana na mkono, badilisha neno au sogeza noti.

Mwendo uwe mapigo 96 kwa dakika, 4 kwa kila baa. Ukishuka chini ya 72 wimbo unakuwa wa matanga, na mdundo wa mapigo 3 humrudisha mtu kwenye kumbukumbu. Huyu wetu anatembea. Kwa mwendo huo baa moja ni sekunde 2.5. Utangulizi baa 4, ubeti 16, kiitikio 8, gitaa peke yake 4, ubeti wa pili 16, kiitikio 8, daraja (kipande kipya kabla ya viitikio vya mwisho) 8, kiitikio mara mbili 16, kumalizia 4. Jumla ni baa 84, yaani dakika 3 na sekunde 30, na kiitikio cha kwanza kinaingia sekunde ya 50.

Andika kodi za gitaa (noti zinazopigwa pamoja) kwa namba, mtindo wa Nashville aliouanzisha Neal Matthews Jr. wa kundi la Jordanaires mwishoni mwa miaka ya 1950. Kwenye kii (noti ya nyumbani ya wimbo) ya G, 1 ni G, 4 ni C, 5 ni D, na 6- ni E maina. Mwimbaji akitaka kii nyingine, karatasi haibadiliki. Ubeti: 1 1 4 1, 1 1 5 5, mara mbili. Kiitikio: 4 1 5 6-, 4 1 5 5. Swali "nimpe nani" linabaki limening'inia juu ya 5. Kiitikio cha mwisho kabisa kimalizie 4 1 5 1, ili "ni wangu pia" ifike nyumbani.

Kinachofanya sikio liseme "hii ni country" ni gitaa la pedali (pedal steel), linalolazwa na kubadilishwa noti kwa miguu. Katika mpangilio wa nyuzi uitwao E9, pedali moja hupandisha nyuzi za B kwa toni nzima, nyingine hupandisha za G# kwa nusu toni. Ukizikanyaga pamoja, kodi ya E inageuka A, yaani 1 inateleza kuwa 4, mkono wa kushoto ukiwa palepale. Uteleze huo uweke ndani ya ubeti, pale 1 inapokabidhi 4. Nchini Kenya country inapendwa miaka mingi, na Sir Elvis amejijengea jina kwayo, lakini chombo hiki ni adimu. Gitaa la umeme linakaribia: kwenye G, shika nyuzi mbili nyembamba kabisa kwenye freti ya 15, kisha vuta uzi wa pili toni nzima huku wa kwanza ukilia. D inapanda kuwa E, na G imekuwa C.

Studio, maikrofoni ya gitaa kavu ielekee freti ya 12, sentimita 20 hivi. Ukiielekeza kwenye tundu unapata mvumo mzito unaomeza sauti ya mwimbaji. Mwimbaji asimame sentimita 15 hadi 20, na asilie. Sauti inayotetemeka inamrudisha kwa aliyemwacha. Sauti ya pili iingie kwenye viitikio tu. Ubeti ni wa mtu anayeishi peke yake, acha asikike peke yake.

Kabla ya kutoka studio, watunzi waandike na kusaini asilimia ya kila mmoja. Namba ya ISRC, inayoitambulisha rekodi na yenye herufi na tarakimu 12, iwepo kabla ya kupandisha wimbo. Chagua Ijumaa, siku ya nyimbo mpya duniani tangu Julai 2015, na maombi ya kuingizwa kwenye orodha za nyimbo (playlist) za Spotify yafike angalau siku 7 kabla. Wiki 4 ni salama zaidi, kwa sababu jalada lenye jina lililokosewa likirudishwa bado una muda wa kulirekebisha.